Kusimika Faiawoli Pepe Kwenye Mashine ya Linux: Mwongozo kwa Ofisi Ndogo ya Mwanza

Mwongozo huu ni wa fundi aliyekabidhiwa ofisi yenye kompyuta sita au saba, kamera kadhaa, Wi-Fi ya wageni na ruta moja iliyoachwa na kampuni ya intaneti, kisha akaambiwa "tuwekee ulinzi" bila kupewa fedha za kununua kifaa maalumu. Ofisi niliyonayo akilini ni ya ghala la dagaa karibu na Mwaloni, Kirumba, lakini hatua ni zilezile kwa shule ya Buhongwa, zahanati ya Igoma au nyumba ya wageni ya Nyegezi. Tutachukua kompyuta ya mezani ya kawaida, tuiwekee Debian (aina ya Linux), tuwashe KVM, yaani uwezo wa Linux wa kuendesha kompyuta nyingine ndani yake kwa programu tu, kisha tuendeshe OPNsense, programu ya faiawoli, ndani yake kama mashine pepe itakayosimama kati ya ofisi na intaneti.

Katika kazi ya namna hii faiawoli yenyewe, yaani ukuta unaochuja kinachoingia na kutoka kwenye mtandao, ndiyo sehemu rahisi. Kinachowaangusha wengi ni uwanja inaposimama: madaraja ya mtandao, utaratibu wa kuwaka, umeme na saa. Kwa sababu hiyo nitapita haraka kwenye kurasa za OPNsense, ambazo zinajieleza vya kutosha, na kukaa zaidi kwenye mashine inayoibeba.

Kwa nini iwe pepe

KVM imo ndani ya keneli ya Linux tangu toleo la 2.6.20 lililotoka Februari 2007, kwa hiyo hakuna leseni ya kulipia. OPNsense, iliyojitenga na pfSense, faiawoli nyingine, na kutoa toleo lake la kwanza Januari 2015, imejengwa juu ya FreeBSD. Ungeweza kuisakinisha moja kwa moja kwenye kompyuta bila Linux chini yake, na wapo wanaofanya hivyo. Shida ni kwamba kompyuta nyingi zilizotumika zinazouzwa mjini zina kadi ya mtandao ya Realtek, na FreeBSD kwa miaka mingi imekuwa haielewani vizuri na baadhi ya kadi hizo: mtandao unakwenda kwa muda wa saa tatu, unakatika, unarudi, na hakuna anayejua kwa nini. Linux inazimudu vizuri zaidi. Ukiweka FreeBSD ndani ya mashine pepe, Linux ndiyo inayoshika kadi halisi, na FreeBSD inaona kadi ya virtio tu, yaani kadi ya kuigiza, ambayo haina ugomvi nayo. Faida ya pili ni kwamba faiawoli nzima inakuwa faili moja unaloweza kulinakili kabla ya kugusa chochote.

Vifaa na jinsi ya kuvipanga

Kompyuta ya Core i5 yenye RAM ya GB 8 inatosha kabisa. Mashine pepe tutaipa GB 4 na prosesa mbili. Kima cha chini kinachotajwa na OPNsense ni GB 2, lakini sipendi kuanzia kwenye kima cha chini. Diski iwe SSD. Unahitaji kadi mbili za mtandao zinazotumia waya. Usijaribu kutumia Wi-Fi ya kompyuta kama mguu wa nje, kwa maana kadi ya Wi-Fi iliyounganishwa kwenye mtandao kama mteja kwa kawaida haikubali kuingizwa kwenye daraja.

Kadi ya ziada unayoichomeka kwenye nafasi ya PCIe iwe ndiyo ya upande wa nje, na ile iliyojengwa kwenye ubao mkuu wa kompyuta iwe ya ndani. Sababu ni radi. Ukanda huu wa ziwa una ngurumo nyingi, na ofisi zinazopata intaneti kwa antena ya juu ya paa zina waya wa mtandao unaoteremka kutoka huko hadi mezani. Radi ikipiga karibu, waya huo ndio mlango wake. Heri ife kadi ya bei nafuu kuliko ubao mzima, ingawa hakuna dhamana kwamba itaishia kwenye kadi. Weka kizuia radi cha waya wa mtandao mahali waya unapoingia ndani, na uhakikishe kimefungwa kwenye ardhi, maana kisipokuwa na waya wa ardhi hakizuii kitu.

Kompyuta iwekwe mbali na dirisha linaloelekea ziwani. Wale wadudu wadogo wanaopanda kutoka ziwani kama moshi hufuata taa usiku, na nimewahi kufungua kasha la kompyuta pale Kirumba nikakuta feni imejaa maganda yao kama pumba za mpunga.

Kuandaa mashine mwenyeji

Sakinisha Debian kwenye kompyuta hiyo, ambayo kuanzia hapa naiita mwenyeji, bila mazingira ya madirisha, ukibakiza seva ya SSH (ya kuingia kwa mbali) tu. Ingia kwenye BIOS uwashe uwezo wa mashine pepe, unaoitwa VT-x kwenye Intel na SVM kwenye AMD, na ukiwa humohumo tafuta mpangilio wa kinachotokea umeme ukirudi, uweke mashine iwake yenyewe. Kisha, kama mtumiaji mkuu, hakikisha prosesa inakubali:

grep -Ec '(vmx|svm)' /proc/cpuinfo

Jibu likiwa sifuri, rudi BIOS. Likiwa namba yoyote zaidi ya sifuri, endelea:

apt install qemu-system-x86 qemu-utils libvirt-daemon-system libvirt-clients virtinst bridge-utils tcpdump

Pakua sasa hivi kila kitu utakachohitaji, ukiwa bado umeunganishwa moja kwa moja kwenye ruta ya kampuni ya intaneti. Baada ya hatua inayofuata, mashine hii haitakuwa na intaneti mpaka faiawoli iwe hai, na fundi aliyesahau kifurushi kimoja hulazimika kubomoa alichojenga ili akipate. Pakua faili la ISO la OPNsense la aina ya dvd kwa amd64 pamoja na orodha yake ya sha256, linganisha kwa amri ya sha256sum, kisha ulifungue kwa bunzip2 na kuliweka kwenye /var/lib/libvirt/images kwa jina fupi la opnsense.iso. Ulinganisho huo usiruke. Faili lililokatika katikati kwa sababu bando limeisha litakukwamisha katikati ya kazi.

Usiweke Docker kwenye mashine hii. Docker hubadilisha kanuni za keneli za kupitisha pakiti, na kanuni hizo zinaweza kugusa hata pakiti zinazopita kwenye madaraja yako; utakuwa na faiawoli isiyoonekana chini ya faiawoli unayoisimamia, na utaitafuta mpaka uchoke.

Madaraja mawili

Hapa ndipo pa kutulia. Daraja katika Linux ni swichi ya programu: unaifunga kadi halisi upande mmoja na mashine pepe upande wa pili. Tutatengeneza mawili, nami huyaita br-nje na br-ndani ili atakayekuja baada yangu asihitaji kuuliza.

Kanuni ni moja: mashine mwenyeji isiwe na anwani ya IP kwenye br-nje. Daraja la nje libebe pakiti kutoka kwenye waya hadi kwa OPNsense, basi. Mwenyeji akipata anwani upande huo, hata kwa bahati mbaya kupitia DHCP (huduma ya kugawa anwani) au IPv6, basi Debian yenyewe imesimama nje ya ukuta ikiwa na SSH yake wazi, na faiawoli uliyoihangaikia haina habari.

Jua kwanza majina ya kadi zako kwa amri ya ip link. Katika mfano huu enp1s0 ni kadi ya kuchomeka na eno1 ni ya ubao. Faili la /etc/network/interfaces liwe hivi:

auto lo
iface lo inet loopback

iface enp1s0 inet manual
iface eno1 inet manual

auto br-nje
iface br-nje inet manual
    bridge_ports enp1s0
    bridge_stp off
    bridge_fd 0
    post-up sysctl -w net.ipv6.conf.br-nje.disable_ipv6=1

auto br-ndani
iface br-ndani inet static
    address 192.168.50.2/24
    gateway 192.168.50.1
    bridge_ports eno1
    bridge_stp off
    bridge_fd 0

Kwenye /etc/resolv.conf andika nameserver 192.168.50.1. Anwani hiyo ya 192.168.50.1 bado haipo. Itakuwa ya OPNsense. Maana yake ni kwamba mwenyeji atapata intaneti kupitia mashine anayoibeba tumboni mwake. Wahenga waliposema mgeni njoo mwenyeji apone hawakuwa wakifikiria KVM, lakini ndivyo ilivyo.

Nimechagua 192.168.50.0 kwa makusudi. OPNsense huja na 192.168.1.1 upande wa ndani, na ruta nyingi za kampuni za intaneti nazo hutumia 192.168.1.1, huku vifaa vingi vya 4G vya Huawei vikitumia 192.168.8.1. Pande mbili za faiawoli zikiwa na mtandao mmoja, faiawoli haijui pakiti iende kushoto au kulia, na dalili yake ni kwamba kila kitu kinaonekana kimeunganishwa ilhali hakuna ukurasa unaofunguka.

Usiwashe upya mtandao ukiwa umeingia kwa SSH. Kaa mbele ya mashine, ukiwa na kibodi na skrini, ndipo uandike systemctl restart networking. Mimi nililifanya kosa hilo nikiwa Nyegezi, nimekosea herufi moja kwenye jina la kadi, na ilinibidi nipande daladala hadi Kirumba kwenda kurekebisha herufi hiyo. Ukishamaliza, thibitisha:

ip addr show br-nje

Usione mstari wowote unaoanza na inet wala inet6. Ukiuona, simama hapohapo mpaka umeuondoa.

Zima pia mtandao wa libvirt (programu inayosimamia mashine pepe) unaoitwa default, ambao hutumia 192.168.122.0 na hatuuhitaji:

virsh net-destroy default
virsh net-autostart default --disable

Amri ya kwanza ikilalamika kwamba mtandao haujawashwa, hakuna tatizo.

Kuunda mashine pepe

Chomoa waya wa kampuni ya intaneti kabla ya kuendelea. OPNsense ikiwaka kwa mara ya kwanza hujikisia ipi ni kadi ya nje na ipi ni ya ndani, na ikikisia vibaya itaanza kugawa anwani za DHCP upande wa nje. Kama umeunganishwa na mtandao wa pamoja wa jengo, majirani zako ndio watakaokuletea habari.

virt-install --name faiawoli --memory 4096 --vcpus 2 \
  --cpu host-passthrough \
  --disk path=/var/lib/libvirt/images/faiawoli.qcow2,size=32,bus=virtio,cache=none \
  --cdrom /var/lib/libvirt/images/opnsense.iso \
  --network bridge=br-nje,model=virtio \
  --network bridge=br-ndani,model=virtio \
  --osinfo freebsd13.1 \
  --graphics vnc,listen=127.0.0.1 --noautoconsole

Jina la mfumo kwenye --osinfo litategemea orodha iliyoko kwenye Debian yako; itazame kwa virt-install --osinfo list na uchukue FreeBSD ya karibuni unayoiona. Mpangilio wa host-passthrough unaipa mashine pepe uwezo wote wa prosesa halisi, ukiwemo ule wa AES unaoharakisha VPN. VNC imefungwa kwenye 127.0.0.1 ili mtu mwingine wa ofisini asiweze kuitazama. Wewe utaifikia kwa kupitisha SSH kutoka kwenye kompyuta yako ndogo, ambayo kwa sasa umeipa kwa mkono anwani ya 192.168.50.9:

ssh -L 5900:127.0.0.1:5900 jina@192.168.50.2

Fungua programu ya VNC kuelekea 127.0.0.1:5900 utaiona OPNsense ikiwaka. Ingia kwa jina installer na nywila opnsense. Ukiulizwa aina ya diski, chagua ZFS, kisha diski moja bila kurudufu, na ubonyeze kitufe cha nafasi kuitia alama vtbd0 kabla ya kuendelea. Wengi hubonyeza Enter mara moja wakaambiwa hawajachagua kitu. Nasisitiza ZFS kwa sababu umeme ukikatika ghafla yenyewe hurudi salama mara nyingi zaidi kuliko UFS. Badilisha nywila ya root mwishoni.

Ukimaliza na mashine kujizima badala ya kuwaka tena, usidhani umekosea. virt-install ikitumia --cdrom pamoja na --noautoconsole huiacha mashine imezimwa baada ya usakinishaji. Iwashe mwenyewe kwa virsh start faiawoli.

Kuzitambua kadi

Kwenye skrini nyeusi ya OPNsense, ingia kama root utaona menyu yenye namba. Kabla ya kuigusa, rudi kwa mwenyeji uandike virsh domiflist faiawoli. Itakuonyesha kila daraja na anwani ya MAC, zote zikianza na 52:54:00. Linganisha na MAC zinazoonyeshwa na OPNsense kwa vtnet0 na vtnet1. Kwa mpangilio tuliotumia, vtnet0 inapaswa kuwa ya nje, lakini soma herufi zenyewe, usitegemee mpangilio.

Chagua namba 1, kataa LAGG na VLAN kwa sasa, weka WAN (upande wa nje) kuwa vtnet0 na LAN (upande wa ndani) kuwa vtnet1. Kisha chagua namba 2, upande wa LAN uweke 192.168.50.1, kiwango cha 24, bila njia ya kutokea, na ukubali DHCP igawe kuanzia 192.168.50.100 hadi 192.168.50.200. Hapo ndipo urudishe waya wa kampuni ya intaneti.

Mipangilio ya kwanza kwenye kivinjari

Fungua https://192.168.50.1. Onyo la cheti ni la kawaida. Weka majira ya Africa/Dar_es_Salaam, acha WAN ichukue anwani kwa DHCP, na usifungue ukurasa huu wa usimamizi upande wa nje kwa sababu yoyote ile.

Kuna kisanduku cha kuzuia mitandao binafsi upande wa WAN, ambacho hulaumiwa isivyo haki. Ruta ya kampuni ikikupa anwani kama 192.168.8.100, utaambiwa na wengi kwamba lazima ukizime ndipo intaneti ipite. Si kweli. Kisanduku hicho huzuia miunganisho inayoanzia nje ikiwa na anwani binafsi. Miunganisho inayoanzia ofisini na majibu yake hupita kama kawaida. Kizime tu kama una kifaa kati ya ruta na faiawoli ambacho kinahitaji kuingia ndani. Intaneti ikigoma, tazama kwanza kama mitandao miwili imegongana.

Tazama pia ni anwani gani WAN imepewa. Ikiwa ruta imewekwa kupitisha tu na unaona anwani kati ya 100.64.0.0 na 100.127.255.255, wewe na wateja wengine mnatumia anwani moja ya umma, na hakuna VPN itakayoingia kutoka nje hata ufungue poti zote. Njia iliyobaki ni faiawoli kuunganisha yenyewe kwenda kwenye seva ya kukodi, nawe uingilie huko.

Kwenye menyu ya Interfaces, sehemu ya Settings, hakikisha kazi tatu za kadi, yaani hesabu ya CRC, TSO na LRO, zimezimwa. Zikiwa zimewashwa juu ya virtio, dalili yake ni ya ajabu: ping inajibu vizuri, majina ya tovuti yanapatikana, lakini kurasa zinaning'inia nusu. Ukikutana na hali hiyo anzia hapa kabla hujamlaumu mtoa intaneti.

Kuhusu kanuni, OPNsense huzisoma kutoka juu kwenda chini na ya kwanza inayolingana ndiyo inayotumika, kwa hiyo kanuni ya kuzuia iliyo chini ya kanuni ya kuruhusu vyote ni pambo. Kamera zitenge. Kama swichi yako inaelewa VLAN, yaani mitandao iliyotengwa ndani ya waya mmoja, tengeneza VLAN ya kamera juu ya vtnet1. Daraja la Linux kama tulivyoliandika hupitisha pakiti zenye alama bila kuhitaji mpangilio zaidi. Iruhusu ofisi kuziona kamera, uzizuie kamera kwenda intaneti. Wi-Fi ya wageni nayo iwe na VLAN yake, ipate intaneti pekee.

Umeme, kuwaka, na saa

Mashine pepe haiwaki yenyewe mpaka uiambie:

virsh autostart faiawoli

Na mwenyeji anapozimwa, amzime mgeni, yaani mashine pepe, kwa ustaarabu. Kwenye /etc/default/libvirt-guests weka ON_SHUTDOWN=shutdown na SHUTDOWN_TIMEOUT=120. UPS yenye waya wa USB inaweza kuungwa na programu ya NUT ili mwenyeji ajizime betri ikikaribia kuisha. UPS za bei nafuu zisizo na USB zitakupa dakika kumi tu na kisha giza, na ndiyo maana nilitaka ZFS.

Baada ya hapo fanya jaribio ambalo watu hawalifanyi: zima umeme ukutani, acha kila kitu kife, urudishe, na usiguse chochote. Hesabu dakika hadi kompyuta ya mhasibu ifungue ukurasa. Sio jaribio mpaka umelifanya bila kugusa kibodi.

Nilijifunza umuhimu wake kwenye ghala lile. Umeme ulikatika usiku, ukarudi alfajiri, na saa mbili asubuhi dada wa mapokezi akanipigia: "Kaka, intaneti hakuna, na mashine yako inaandika login tu." Nilimwongoza kwa simu. Mwenyeji yuko hai, mashine pepe iko hai, WAN ina anwani, ping kwenda 1.1.1.1 inajibu. Hakuna jina la tovuti lililopatikana. Nikamwomba aandike date, akanisomea: Januari 2012.

Betri ndogo ya ubao, ile ya CR2032, ilikuwa imekufa zamani, na kwa kuwa kompyuta haikuwahi kuchomolewa muda mrefu hakuna aliyejua. Umeme ulipokosekana usiku kucha, saa ilirudi kwenye tarehe ya kiwandani. Mashine pepe ilichukua saa ya mwenyeji. Nilikuwa nimewasha DNSSEC kwenye huduma ya majina, na DNSSEC hukagua saini zenye tarehe. Kwa mashine iliyoamini ni 2012, saini zote zilikuwa za miaka ijayo, hivyo ikakataa kila jibu. Ili saa irekebishwe ilihitajika seva ya muda, na seva ya muda ilikuwa imeandikwa kwa jina, na jina halikupatikana kwa sababu saa ilikuwa mbovu. Mwenyeji naye aliuliza majina kwa mgeni yuleyule. Wote wawili wakawa wamekwama, kila mmoja akimsubiri mwenzake.

Dawa ni mbili, na zote zifanye. Badilisha betri hiyo siku ya kwanza, hata kama kompyuta inaonekana nzima. Mafundi saa wa Makoroboi wanazo. Kisha ongeza angalau seva moja ya muda kwa namba badala ya jina, kwa OPNsense na kwa mwenyeji pia. Ya Cloudflare hupatikana kwa 162.159.200.1.

Kuthibitisha ulinzi

Chukua kompyuta ndogo uichomeke kwenye tundu lingine la ruta ya kampuni ya intaneti, yaani nje ya faiawoli, na uichunguze anwani ya WAN kwa nmap, programu ya kutafuta poti zilizo wazi. Usione poti yoyote iliyo wazi. Kisha uchunguze mtandao wote wa ruta hiyo: uione faiawoli au usiione kabisa, lakini usimwone mwenyeji. Ukimwona Debian huko nje, rudi kwenye sehemu ya madaraja. Ukitaka kujua pakiti zinaishia wapi, mwenyeji ana dirisha ambalo kifaa cha dukani hakikupi:

tcpdump -ni br-nje
tcpdump -ni br-ndani

Pakiti ikionekana ndani na isionekane nje, tatizo ni kanuni zako. Ikitoka nje na jibu lisirudi, mpigie mtoa intaneti ukiwa na ushahidi mkononi.

Nakala na karatasi

Pakua faili la mipangilio kutoka OPNsense kila unapobadilisha kitu, ulihifadhi nje ya mashine hii pamoja na matokeo ya virsh dumpxml faiawoli na faili la interfaces. OPNsense hutoa matoleo makubwa mawili kwa mwaka, Januari na Julai. Kabla ya kupandisha toleo, izime mashine pepe, unakili faili la qcow2, ndipo uendelee. Ukibadilisha kadi ya mtandao iliyoungua, kumbuka kwamba jina lake linaweza kugeuka kutoka enp1s0 kuwa enp2s0 ukiihamishia nafasi nyingine, na br-nje itabaki bila waya.

Mwisho bandika karatasi ubavuni mwa kompyuta, kwa mwandiko unaosomeka. Iandikwe waya upi ni wa nje na upi wa ndani. Anwani ya mwenyeji, 192.168.50.2, na ya faiawoli, 192.168.50.1; na kwamba faiawoli ikifa hakuna DHCP, hivyo atakayekuja aipe kompyuta yake 192.168.50.9 kwa mkono ndipo aingie kwa mwenyeji na kuandika virsh start faiawoli. Nywila isiandikwe humo. Chini kabisa weka tarehe uliyobadilisha betri ya saa.